Kijana wa Mbeya, na kikombe kilichonijengea jina nisilopewa

Wiki iliyopita kijana mmoja wa Mbeya kaniandikia: "Shikamoo kaka. Nataka kutengeneza trela za filamu kama wewe. Nianzie wapi?" Nimeandika jibu mara tatu nikafuta. Basi nijibu hapa, maana najua mko wengi mnaoitamani kazi hii.

Kwanza zoea kutoeleweka. Mama mkwe wangu mpaka leo anaamini nauza matrela ya malori, na akipata mtu mwenye Scania ananipigia. Hayuko mbali sana na ukweli. Kule Marekani, kwenye miaka ya 1910, vipande hivi vya kutangaza filamu nyingine vilionyeshwa filamu ikishakwisha, vinaburutwa nyuma kama trela la lori. Watu wakawa wananyanyuka na kwenda zao, ndipo vikahamishiwa mbele. Jina likabaki lilelile.

Mimi nilianzia Kariakoo mwaka 2009, chumba cha juu ya duka, kompyuta moja na feni inayolia kuliko spika. Filamu zetu zilikuwa zinauzwa kwenye diski, sehemu ya kwanza na ya pili, na trela inawekwa mwanzoni mwa diski ya filamu nyingine. Kazi yangu ilikuwa kukizuia kidole gumba cha mwenye rimoti.

Trela yangu ya kwanza ilikuwa na dakika sita. Dakika sita! Harusi imo, fumanizi limo, sumu imo, hata mazishi yamo. Prodyuza alifurahi akaniongeza elfu ishirini juu ya makubaliano. Nikaenda dukani kujipima. Nimesimama na chipsi zangu, mteja kaitazama yote mpaka mwisho, kisha akamrudishia muuzaji kava: "Hii nishaiona. Nipe nyingine."

Chipsi sikuzimaliza.

Tangu siku hiyo siweki kitu chochote kutoka robo ya mwisho ya filamu. Dairekta atalalamika, kwa sababu huko ndiko alikokodi gari la polisi. Mwache alalamike.

Miaka ya katikati naruka. Ilikuwa madeni, na umeme kukatika kompyuta ikiwa imerenda, yaani imeunganisha vipande kuwa video moja, asilimia 96.

Ila kuna trela moja lazima niisimulie. Filamu ya mjane na shemeji zake wanaoitaka nyumba. Mzigo, yaani picha na sauti zote zilizorekodiwa, ulikuja kwenye diski ngumu, nikausikiliza kabla ya kuutazama (hili liandikeni), nikasikia mjane anaweka kikombe kwenye kisahani. Mkono unamtetemeka, kwa hiyo kinalia mara mbili. Nikaijenga trela nzima juu ya mlio ule. Shemeji anaingia, kling-kling. Hati ya nyumba inakunjuliwa, kling-kling. Kisha giza, sekunde mbili nzima, kimya, halafu kikombe kinavunjika na hatuoni nani kakiangusha. Dakika moja na sekunde 40. Hakuna muziki.

Ilipopandishwa YouTube watu waliisambaza wenyewe. Siku ya uzinduzi ukumbi ulijaa. Nikakaa siti ya nyuma nasubiri majina ya mwisho. Wakashukuriwa wapishi, mwenye jenereta, mpaka jirani aliyeazima sebule. Mimi simo. Nilipomuuliza prodyuza akasema, "Kaka, wewe si ulikata tangazo tu?" Imepita miaka sita. Nikisikia kikombe kinagonga kisahani, nakumbuka suti ya prodyuza yule.

Kwa hiyo nusu ya hela mbele, kabla hujafungua diski ngumu ya mtu, na jina lako liwe kwenye mkataba. Nusu ya hela mbele. Nimerudia makusudi.

Halafu jamani, mtazamaji wa siku hizi yuko kwenye simu na bando lake linaungua. Ukitumia sekunde tano kuzungusha nembo ya kampuni, kashaondoka. Na nyinyi vijana mmelewa ule mshindo wa kupakua mtandaoni, bwoooom, kila baada ya picha tatu. Umetengenezewa filamu za maghorofa yanayoanguka, nyie mnauweka kwenye filamu ya mama muuza maandazi Manzese. Bwoooom, andazi! Hamwoni aibu? Sauti zimo humo humo kwenye mzigo: mlango wa bati, bodaboda, adhana kwa mbali. Hamsikilizi. Mnataka wafuasi kabla hamjajua kukata.

Kijana wa Mbeya, nitumie sekunde 60 za filamu yoyote ya hapa nyumbani. Nikikutana na ule mshindo, siitazami mpaka mwisho.