Hildegard Knef kwa dakika 10: usianze na kuzaliwa

Pole dada. Umepewa dakika 10 kwenye darasa la Kijerumani umweleze Hildegard Knef, mwigizaji, mwimbaji na mwandishi wa Ujerumani, na karatasi yako imejaa tarehe tu. Mimi niliwahi kuwasinzisha wenzangu kwa mtindo huohuo.

Alizaliwa Ulm 1925, akafariki Berlin 2002: sentensi moja inatosha. Anzia 1946, kwenye "Die Mörder sind unter uns", filamu ya kwanza ya Ujerumani baada ya vita, iliyopigwa kwenye vifusi vya Berlin. Humo anaigiza Susanne, anayerudi kutoka kambi ya mateso. Waonyeshe kipande hicho, halafu nyamaza kidogo. "Die Sünderin" ya 1951, iliyowakasirisha viongozi wa kanisa, itaje kwa uangalifu: ina mambo ya kujiua. Kazi yake Broadway, kwenye majumba ya maonyesho ya New York, ipitie mbiombio.

Muda uliobaki upe uandishi wake. "Der geschenkte Gaul" (1970) ni maisha yake kwa kalamu yake mwenyewe, kwa hiyo sema "anasimulia kwamba", usiape. "Das Urteil" (1975) inahusu saratani yake. Kama nyumbani kuna mgonjwa, iweke kando kwanza. Ukikwama na lugha, mpelekee mwalimu aya mbili mzipitie pamoja.