Mkimya kazini, mkimya ukweni: majibu kwa barua zenu

Mwezi huu tumeziweka pamoja barua nne zilizotoka Nakuru, Kisumu na Kakamega, kwa kuwa waandishi wake, pasipo kujuana, wanauliza jambo moja: mtu mwenye hulka ya utulivu aishi vipi miongoni mwa watu wanaopima moyo wa mtu kwa wingi wa maneno yake? Majina ya waandishi tumeyahifadhi.

SWALI: Mshauri, mimi ni karani wa hesabu katika chama kimoja cha akiba na mikopo hapa mjini Nakuru, na niko katika mwezi wa nne wa kipindi cha majaribio. Kazi naipenda, lakini mkutano wa kila Jumatatu asubuhi hunitesa. Meneja huuliza, wenzangu hudakia, na hadi niwe nimelipanga jibu langu kichwani, mazungumzo yamekwisha kuvuka. Majuzi niligundua kwamba makato ya wanachama wa mwajiri mmoja yalikuwa yameingizwa mara mbili. Nilimnong'oneza mwenzangu aliyeketi kando yangu, akalisema yeye kwa sauti, akapongezwa. Wiki iliyofuata meneja aliniambia kwamba kazi yangu ni safi ila sijitokezi, na kwamba hilo litaandikwa katika tathmini yangu. Tena, kwa kuwa asubuhi nzima nahudumia watu kwenye kaunta, wakati wa chakula cha mchana hupenda kukaa peke yangu, na sasa wenzangu wanasema naringa. Je, nijilazimishe kuwa mchangamfu kama wao?
*Karani, Nakuru*

JIBU: Dada yangu, usijilazimishe, kwa sababu uchangamfu wa kuigiza humchosha anayeuigiza kabla haujamfaa kitu. Lakini sitakuambia ukae vivyo hivyo. Meneja wako haoni yaliyomo kichwani mwako. Anaona mtu aliyeketi asiyesema, kisha anakisia. Anaweza kukisia kwamba unafikiri, au kwamba umechoka, au kwamba hujali, nawe huna njia ya kumchagulia dhana ya kushika. Kinachohitajika, basi, ni kumpa ishara zinazoonekana, na kuzitoa kwa namna inayolingana na hulka yako.

Hulka hiyo si ugonjwa wala si malezi mabaya. Carl Gustav Jung, daktari wa akili wa Uswisi, katika kitabu chake cha mwaka 1921 kuhusu aina za nafsi, alieleza kwamba wako watu ambao nguvu za nafsi zao huelekea ndani, kwenye mawazo, na wengine huelekea nje, kwenye watu na mambo. Mwaka 1967 Hans Eysenck, mwanasaikolojia aliyezaliwa Ujerumani na kufanya kazi London, alipendekeza kwamba ubongo wa mtu mkimya huwa umeamka zaidi hata anapotulia, na ndiyo sababu kelele na msongamano humfikisha upesi mahali pa kuelemewa. Utafiti uliofuata haukuiunga mkono nadharia hiyo katika kila kipengele, lakini hata leo wanasaikolojia huihesabu hulka hii kuwa mojawapo ya vipimo vikuu vya tabia ya binadamu, na huipima kama mstari mrefu ambao wengi wetu tumesimama mahali fulani katikati yake. Ukirudi nyumbani saa kumi na moja ukiwa hutaki hata kupokea simu, haina maana kwamba huwapendi watu. Umetumia nguvu nyingi kuwahudumia, nawe huzirudisha kwa upweke.

Sasa tuutazame mkutano wenyewe, maana hapo naona unajilaumu kwa kosa ambalo si lako peke yako. Mwaka 1958 watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale waliwalinganisha watu wanne waliokaa pamoja kubuni mawazo na watu wanne waliobuni kila mmoja peke yake, kisha mawazo ya hawa wa pili yakajumlishwa, yaliyojirudia yakahesabiwa mara moja tu. Waliofanya kazi peke yao walitoa mawazo mengi zaidi. Mwaka 1987 watafiti Michael Diehl na Wolfgang Stroebe walionyesha kwamba sababu kubwa ni kungojeana: mmoja anapozungumza, wengine huzuiwa kusema, na wazo la anayesubiri zamu husahaulika au hupoteza nguvu. Hicho ndicho kinachokupata wewe kila Jumatatu, nacho huwapata hata hao wanaodakia, ingawa wao hawakihisi. Meneja mwenye busara angewapa watu wote dakika tano za kuandika kabla ya yeyote kufungua kinywa, na ukipata siku nzuri mpendekezee.

Kabla hajafika huko, fanya yaliyo mikononi mwako. Ijumaa alasiri muulize ajenda za Jumatatu. Chagua moja unayoijua vizuri, andika sentensi mbili au tatu, na uzitamke mapema, katika dakika kumi za kwanza, kabla mazungumzo hayajapata kasi. Atakayesema mapema hata kwa ufupi huhesabiwa kuwa yumo, na baada ya hapo anaweza kusikiliza kwa raha. Ukiulizwa jambo ambalo hujalipanga, usibabaike wala usijikunyate. Sema, "Naomba nilihakikishe kwenye vitabu, nitakuandikia kabla ya saa nane," kisha uandike kweli kabla ya saa nane. Ukifanya hivyo mara kadhaa, utajulikana kwa jibu la uhakika, na katika kazi ya hesabu hiyo ni sifa inayomfaa mwajiri kuliko wepesi wa ulimi.

Lile la makato limenigusa, na nakusihi lisitokee tena. Sina hakika kwamba mwenzako alikuibia. Ulimnong'oneza katikati ya mkutano, naye huenda aliona anakusaidia. Siku nyingine mwandikie meneja asubuhi hiyo hiyo: mwajiri ni yupi, ni mwezi gani, ni kiasi gani kilichorudiwa, na unapendekeza kirekebishwe vipi. Kisha mkutanoni useme tu, "Lile suala la makato nililokuandikia, naomba dakika mbili nilieleze." Hapo huhitaji kushindana na sauti ya mtu, kwa kuwa mwenye kiti tayari anajua ni la nani.

Kuhusu chakula cha mchana, kaa na wenzako siku mbili katika wiki, na siku nyingine nenda zako, hata kama ni kuketi Nyayo Gardens na chakula chako. Ila usitoweke. Waambie, "Nimeongea na watu tangu saa mbili, naenda kupumzisha kichwa, tutaonana baadaye." Hakuna mfanyakazi wa kaunta asiyeuelewa uchovu huo. Kinachowafanya waseme unaringa ni kukuona ukiondoka bila neno.

Neno la mwisho kwako ni la kisheria. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inasema kwamba kipindi cha majaribio hakizidi miezi sita, na kwamba kinaweza kurefushwa kwa muda usiozidi miezi sita mingine iwapo mfanyakazi mwenyewe amekubali. Una miezi miwili, basi. Muombe meneja sasa, tena kwa maandishi, akueleze anataka kuona nini hasa anaposema ujitokeze, kwa sababu neno hilo lisipofafanuliwa unaweza kutimiza mengi na bado ukaambiwa hujalitimiza.

SWALI: Mimi ni fundi wa umeme, nakaa Kisumu, na mke wangu ametoka upande wa Kakamega. Kukitokea msiba ukweni huwa naenda na kutoa mchango, lakini baada ya muda kelele, spika na mazungumzo ya watu wengi hunielemea, nami huenda kukaa ndani ya gari. Kwenye mazishi ya mwezi wa Desemba shemeji yangu alisema mbele za watu kwamba nina dharau, na mama mkwe amemuuliza mke wangu kama nina kinyongo naye. Sina kinyongo na mtu yeyote. Nifanyeje?
*Mkwe, Kisumu*

JIBU: Ndugu yangu, nakuamini, na nadhani hata mama mkwe angependa kukuamini. Lakini wahenga walisema kimya kingi kina mshindo mkuu, na watu wetu wengi wamekua wakiisikia methali hiyo kama onyo, kwamba anayenyamaza ana jambo analolipika. Tena mahali penye msiba mtu hutazamwa kwa jicho kali kuliko mahali pengine popote. Huku Magharibi watu hukesha na wafiwa, na kuwapo kwako ndiyo rambirambi yenyewe; mchango wa pesa hauwezi kukuwakilisha. Mtu anayejifungia garini akiwa bado yuko uani huonekana kama aliyekataa kukaa na watu, na shemeji yako, ingawa alikosea kukusema hadharani, alisema alichokiona.

Ushauri wangu ni kwamba uende ukiwa na kazi. Wewe ni fundi wa umeme, na sijaona matanga yasiyohitaji taa, jenereta na nyaya. Wasili mapema kabla watu hawajajaa, muulize mwenye boma taa za hema zinawekwa wapi, fuatilia waya, kagua soketi ile ambayo kila mtu anaitilia simu yake, ujue mafuta ya jenereta yatafika alfajiri au hayatafika. Usiku wote watu watakuita kwa jina, watakushukuru, watakuletea chai, na hutahitaji kubuni mazungumzo hata moja. Kama taa zimepata mwenyewe, omba daftari la michango uandike majina na viwango. Aliyeshika daftari huketi mahali pamoja, huongea na mmoja mmoja, na jamaa wote humfahamu. Mtu mkimya hulemewa na umati usio na shughuli. Umpe shughuli, utashangaa atakaa hadi saa ngapi.

Lakini kazi isichukue nafasi ya salamu. Ukifika, wazungukie wazee na akina mama kabla ya jambo lolote, mmoja baada ya mwingine, bila haraka. Mbele ya mama mkwe staha ya kawaida ya ukwe inakuruhusu kuwa na maneno machache, ilmradi machache hayo yasikike. Kisha tafuta mzee mmoja, uketi naye, umuulize habari za marehemu, umsikilize. Mazungumzo ya watu wawili ndiyo yanayokufaa wewe, na mzee aliyesikilizwa vizuri kwa nusu saa atakutetea mwaka mzima.

Ukihitaji kupumzika, tembea hadi barabarani na urudi, badala ya kukaa garini ambako unaonekana na kila mtu. Patana na mke wako kabla ya safari kuhusu saa ya kuondoka, na ikifika, usichomoke kimyakimya. Rudi kwa wazee ulioanza nao, uage. Na kwa mama mkwe usimtume mke wako kueleza. Nenda siku isiyo na msiba wala sherehe, watu wakiwa wachache, umwambie mwenyewe kwamba kelele nyingi hukuumiza kichwa na kwamba moyo wako kwake ni mweupe. Jambo hilo litakugharimu, najua, lakini hakuna mwingine anayeweza kulisema mahali pako.

SWALI: Nauza bima hapa Kisumu kwa kamisheni. Msimamizi wangu husema kazi hii ni ya watu wenye mdomo, na mimi si mmoja wao. Niache?
*Wakala, Kisumu*

JIBU: Usiache kwa sababu hiyo. Mwaka 2013 Adam Grant, mtafiti wa Marekani, alichapisha utafiti kuhusu wauzaji 340 wa kampuni moja waliouza kwa simu. Walioingiza fedha nyingi zaidi walikuwa wale wa katikati, wanaoweza kuongea na pia kunyamaza wakasikiliza. Wachangamfu kupindukia walikaribiana na wakimya kabisa. Maana yake kwako ni kwamba unahitaji kupiga hatua chache tu kuelekea katikati. Jizoeze sentensi zako za kwanza mpaka zitoke bila jasho, kwa kuwa mwanzo ndio unaokushinda, kisha uliza swali na umwache mteja aseme. Mama mwenye kibanda sokoni Kibuye anayefikiria bima ya mazao yake au ya matibabu ya watoto ana hofu zake mahususi, na wakala aliyezikumbuka na kuziandika, kisha akarudi wiki iliyofuata na jibu la hofu hizo hizo, amemzidi yule aliyemaliza maneno yote siku ya kwanza.

SWALI: Nasoma chuo kikuu, mwaka wa pili. Watu husema mimi ni mpole tu, lakini nikijua kwamba nitazungumza mbele ya darasa sipati usingizi siku kadhaa, moyo hunidunda na mikono hutetemeka. Nimekosa mawasilisho na kupoteza alama, na siku hizi hata kuagiza chakula mkahawani naogopa kwamba watu wananitazama. Natamani sana kuwa na marafiki.
*Mwanafunzi, Kakamega*

JIBU: Mwanangu, barua yako nimeitenga na zile nyingine kwa makusudi. Mtu mkimya hukaa peke yake kwa kuwa anafurahia. Wewe unakaa peke yako huku ukitamani watu, kwa sababu ya hofu ya kuhukumiwa, na hofu hiyo sasa inakunyima alama na chakula. Huo si upole, na usimkubalie anayekuambia utauzoea. Ni hali inayojulikana kitabibu na inayotibika, hasa kwa tiba ya mazungumzo inayomfunza mtu kuzichunguza fikra za hofu na kuyakabili hatua kwa hatua yale anayoyakimbia. Mara nyingine daktari huongeza dawa.

Anza na ofisi ya ushauri nasaha ya wanafunzi chuoni, na ikiwa foleni ni ndefu, nenda hospitali ya kaunti uulize kliniki ya afya ya akili. Mwone pia mhadhiri mmoja unayemwamini, umweleze kabla ya wasilisho lijalo wala si baada ya kulikosa, kwa sababu huenda akakuruhusu kuanza na watu watatu ofisini mwake. Na ukiona kwamba hata kumwambia mshauri yaliyokusibu kutakushinda, usibaki nyumbani: andika usiku uliotangulia kila kitu ulichoniandikia mimi, tangu siku kilipoanza, umpe karatasi hiyo aisome ukiwa umeketi mbele yake.