Mtoto wangu ana mstari mmoja tu kiganjani, nimeambiwa ni wa nuksi na hataishi. Je ni kweli?

SWALI: Assalaam alaykum sheikh. Mimi ni mama wa watoto watatu, niko Tanga. Huyu wa mwisho ana miezi minne na viganja vyake vyote viwili vina mstari mmoja unaokata katikati, sio miwili kama yetu. Mama mkwe alipouona akanichukua mpaka kwa mzee mmoja anayesoma viganja na kupiga ramli, akasema moyo na akili vya mtoto vimefungana, mstari wa uhai ni mfupi, hatofika miaka saba na ana nuksi atamfungia baba yake riziki. Akataka laki tatu za kafara, tukatoa elfu hamsini, zilobaki anazidai. Mume wangu toka siku ile hambebi mtoto. Alafu nesi wa kliniki nae akaangalia kiganja hikohiko akasema nimpeleke hospitali kubwa, huenda ana Down sindromu, hali ya kuzaliwa nayo inayochelewesha ukuaji wa mwili na akili. Sasa huyu nae si kasoma kiganja? Nimetumiwa pia odio ya sheikh mmoja anasema elimu ya viganja imo kwenye Uislamu, mana mikononi mwetu kumeandikwa 81 na 18, majina ya Allah. Na je swala zangu za siku 40 ndo zishapotea? Sina amani sheikh.

JIBU: Wa alaykum salaam warahmatullahi wabarakatuh mwanangu. Swali lako lilinifikia usiku na sikupenda lilale, kwasababu najua wewe huko hulali. Naanza na mtoto, hayo ya odio yatafuata.

Mtoto wako hana nuksi. Mtume swalla Allahu alayhi wasallam kasema hakuna twiyara, yani hayo mambo ya kisirani na mikosi, na hadithi iko kwa Bukhari na Muslim, vile vitabu viwili vya hadithi sahihi. Na huyo mzee hajui lini mtoto atakufa kama mimi nisivyojua na kama yeye mwenyewe asivyojua lini atakufa yeye. Surat Luqman aya ya mwisho kabisa imeshasema hakuna nafsi inayojua itachuma nini kesho wala itafia ardhi gani. Kwaiyo hiyo "miaka saba" itoe kichwani, usije ukakaa unahesabu birthday za mwanao kama mtu anayesubiri hukumu.

Nakwambia na jambo la pili ambalo wasoma viganja hawapendi kulisikia. Mimi naosha maiti. Nimeshika mikono ya vichanga ambao mstari wao wa uhai, huo wanaouita wao, umezunguka kidole gumba mpaka kwenye kifundo, mrefu umenyooka, na mtoto hakumaliza arubaini. Na nimeosha wazee wa miaka themanini na kitu mstari umekatika katikati. Na wale ndugu zetu wa meli ya MV Spice Islander iliyozama Septemba 2011 wakielekea Pemba, Allah awarehemu, watu kwa mamia, wazee, akinamama, wanafunzi, jee wote walikuwa na mstari mmoja mfupi? Wasoma viganja walikuwepo Unguja na Pemba wakati huo, mbona hakuna aliewazuia bandarini?

Sasa hiyo odio. Niliombwa niisikilize na nimeisikiliza mpaka mwisho na wallahi imenikera, manake huyu bwana hajasema "mimi ni mganga nipeni pesa", angesema hivyo tungemjua. Yeye kaja na kanzu na hadithi, na hapo ndo mtu kama mama mkwe wako anapopata ujasiri. Hoja zake ziko nne hivi.

Moja anasema kuna hadithi kwa Muslim, ya Muawiya bin Al-Hakam As-Sulami, kwamba kulikuwa na Nabii akipiga mistari, basi atakaeafikiana na mstari wake ndio hivyo. Hadithi ni sahihi, hatubishani. Lakini ile ni mistari ya kuchora mchangani, ndo hiyo ramli, haina habari na viganja. Na hata hiyo ramli, Imamu An-Nawawi, mwanachuoni aliezifafanua hadithi za Muslim, kaeleza waziwazi, kuwa ruhusa imefungwa na kuafikiana na mstari wa Nabii yule, na sisi hatuna njia ya kujua kwa yakini tumeafikiana nae, kwaiyo haijuzu. Yani dalili anayoileta kufungua mlango ndo hiyo wanazuoni wameitumia kuufunga. Alafu katika hadithi hiyohiyo, mistari michache nyuma, swahaba anasema miongoni mwetu wako wanaowaendea makuhani, yani watabiri, Mtume akamwambia msiwaendee. Hiyo sehemu kwenye odio kairuka, sijui pumzi zilimwishia.

Pili anasema kuna qiyafa, yani kutambua nasaba kwa kufanana viungo, kwamba Mujazziz Al-Mudliji aliona nyayo za Zaid na mwanawe Usama wamejifunika vichwa akasema miguu hii inatokana, na Mtume akafurahi mpaka uso ukang'aa. Kweli, Bibi Aisha kaisimulia na iko Bukhari. Lakini yule aliangalia nini? Aliangalia kufanana kwa baba na mtoto, jambo ambalo tayari lipo duniani, limeshatokea, na anaeona vizuri ataliona. Hakusema Usama ataoa lini wala ataishi miaka mingapi. Kutoka kwenye "mguu huu unafanana na ule" mpaka "mtoto huyu hafiki miaka saba" kuna bahari hapo katikati na huyu bwana kaivuka kwa neno moja tu, "vivyo hivyo".

Tatu anasema firasa, yani kumjua mtu kwa alama zake za nje, anasoma aya ya Suratul Hijr kuhusu wenye kuzingatia alama. Aya ile inakuja baada ya kuangamizwa watu wa Lut, inawaambia watu waangalie magofu wazingatie. Magofu jamani! Ni mambo yaliyopita. Nani kakwambia ni ruhusa ya kushika mkono wa mtoto wa watu na kumtabiria kifo?

Na ya nne ndo hiyo iliyowapendeza wengi kwenye magrupu, kwamba kiganja cha kushoto kina 81 kwa tarakimu za Kiarabu na cha kulia 18, jumlisha upate 99 majina ya Allah, toa upate 63 umri wa Mtume. Najua watu wanaipenda na wengine machozi huwatoka. Mimi naipinga na sioni haya. Tarakimu zile hazikuwa za Waarabu wa zama za Mtume, asili yake ni India, zikaingia kwa Waislamu zama za Bani Abbas, makhalifa waliokuja baadae, na mwanahesabu Al-Khwarizmi aliandika juu ya hesabu hizo za Kihindi karibu miaka 200 baada ya Mtume kufa. Nenda Moroko na Aljeria leo utakuta Waarabu wanaandika 1, 2, 3 kama sisi. Sasa hao mikononi mwao kumeandikwa nini? Na ndo wenzetu wengine mkono huohuo wanaona herufi M wanasema ni alama ya utajiri, na maskini wenye hiyo M wamejaa kila mtaa. Kila mtu anaona herufi za shule aliyosoma. Lakini kinachoniuma zaidi ni hiki, kama mistari ile ni majina ya Allah, basi mtoto wako ambaye hana mistari miwili ya kuunda hiyo nane tumwambieje? Kwamba Mola kamnyima? Ona jambo linaloanza kama kuitukuza dini linavyoishia kumdhalilisha mtoto mchanga. Majina 99 tumeyapata kwa hadithi ya Abu Huraira na yanatutosha, hayahitaji ngozi yetu iyashuhudie.

Na asili ya fani yenyewe haifichiki. Kiganja wamekigawa vilima, huku kilima cha Zuhura, huku cha Mshtarii, huku Zohali, ni nyota tupu, na nyota hizo kwa watu wa kale zilikuwa miungu. Sasa Muislamu anakaa chini mwanae apimwe kwa kilima cha Zuhura?

Wako watakaosema lakini sheikh, mbona mambo mengine huyasema kweli? Bibi Aisha aliuliza hilihili, Mtume akajibu kuwa ni neno moja la kweli jini analidokoa, makuhani wakachanganya nalo uongo zaidi ya mia. Na huyo mzee wenu wala hakuhitaji jini, mama mkwe kaingia pale na hofu usoni na mtoto mchanga mkononi, hata muuza kahawa angetabiri.

Haya, nesi. Umeuliza vizuri sana na nimefurahi umeuliza, kwasababu wengi watachanganya. Nesi hakusoma ghaibu. Ile mistari ni mikunjo ya ngozi, inajitengeneza mtoto akiwa tumboni, miezi mitatu ya mwanzo, ili kiganja kiweze kufumba ngozi isijirundike, fumba mkono wako uone. Kwa kuwa inajitengeneza wakati viungo vingine navyo vinajengwa, wakati mwingine mkunjo ukija tofauti huwa ni dokezo kuwa kuna jambo jingine mwilini likaangaliwe. Watoto wenye Down sindromu, ambao kwa kawaida wana kromosomu, yani nyuzi za urithi ndani ya seli, 47 badala ya 46, kama nusu yao wana mstari huo mmoja. Lakini sikiliza hapa, hata watu wazima wasio na tatizo lolote unaukuta, katika watu mia hukosi wawili watatu, na huenda kwenye ukoo. Muangalie baba yake kiganja. Na mama mkwe muangalieni pia, isije ikawa nuksi inayotafutwa imekuja na yeye!

Kwaiyo nesi kasema "huenda", kisha kasema nenda ukapime. Mzee kasema "hafiki", kisha kasema lete laki tatu. Daktari atatoa damu, atahesabu hizo kromosomu, na akikosea kipimo kitamuumbua. Wahudumu wa afya huwaangalia watoto viganja kila siku kama vimepauka, kujua upungufu wa damu, na hamna sheikh anaesema ni shirki. Ni mwili unaangaliwa kama ulivyo leo. Mtume katuamrisha tujitibu na hii ni katika kujitibu.

Sasa nataka ufanye hivi na usichelewe. Mpeleke hospitali ya mkoa na uwaambie unataka aangaliwe kama ni Down, na kikubwa zaidi aangaliwe moyo. Watoto hao karibu nusu huzaliwa na hitilafu ya moyo, mara nyingi tundu, na wengi wanatibika wakiwahiwa. Mkiambiwa muende Dar, Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete pale Muhimbili wanapasua watoto wadogo kabisa. Ukiona anahema haraka, anatoka jasho akinyonya, anaachia ziwa kila mara, hapo usingoje tarehe ya kliniki, nenda sikuhiyohiyo. Tezi ya shingo, macho na masikio navyo vipimwe. Huo ndo ukweli unaoniogopesha katika kisa chako, kwamba siku mlizopoteza kwenye kafara zingekuwa za eko, yani kipimo cha picha ya moyo. Na ikija kuwa kweli ni Down, si dhambi yako wala si jini wala si laana ya ndoa, mara nyingi ni hitilafu ya mgawanyiko wa seli inayotokea tu yai linapotengenezwa, hata kabla ya mimba kutunga, na hamna aliefanya kosa. Watoto hao wanakua, wanajifunza, wengine wanasoma Juzuu Amma, nimewaona madrasa.

Swala zako. Hadithi ya siku 40 iko kwa Muslim, anaemwendea mpiga ramli akamuuliza kitu. An-Nawawi kasema maana yake hapati thawabu, lakini faradhi inamdondoka na halazimiki kurudia. Wewe ulichukuliwa, aliyeuliza ni mwingine, ukaogopa. Kuogopa sio kusadikisha. Leta tauba, swali kama kawaida, wala usiache hata rakaa moja kwa kusema "si hazikubaliwi", huo ndo mtego wa shetani wa pili. Mama mkwe yeye kauliza na kasadiki, jambo lake ni zito, mwambieni kwa adabu na msimtukane, ni bibi anaemuogopea mjukuu na mwanae, kakosea njia.

Na huyu mume. Mwanangu mpe simu asome mwenyewe. Bwana, mtoto wa Mtume, Ibrahim, alikufa hajafika miaka miwili, na siku hiyo jua likapatwa. Watu wakasema jua limepatwa kwa kifo cha Ibrahim. Baba aliefiwa, siku ileile, akasimama akawaambia jua na mwezi havipatwi kwa kifo cha mtu wala kwa uhai wake. Hakukubali mwanae asomewe hata kwenye jua, wewe unakubali wako asomewe kwenye mkunjo wa ngozi? Riziki yako haikufungwa na mtoto wa miezi minne. Mbebe. Na safari ya hospitali uende wewe, sio umtume mama yake peke yake na kadi ya kliniki.

Laki mbili na nusu zinazodaiwa msilipe. Mtume kakataza malipo ya kuhani, iko Bukhari na Muslim, kwaiyo hapo hakuna deni na hakuna amana. Akiwatishia kuwa atawarudishia mambo, someni Ayatul Kursiy na Mu'awwidhatayn, yani Falaq na Nas, asubuhi na jioni, mtoto mpulizieni, na akizidi kusumbua mwende kwa mjumbe wa mtaa mkaripoti. Ile elfu hamsini ishakwenda, msiifuate. Kama bado hamjamchinjia aqiqa fanyeni mkijaaliwa, hata mbuzi mmoja, mualike majirani wamuone.

Wallahu a'lam.