Magari Yanayojiendesha: Nianze na Kitabu Kipi?

SWALI: Ndugu Mhariri, hisabati niliishia sekondari, lakini magari yanayojiendesha yananivutia mno. Nilianza na Probabilistic Robotics kwa kuwa kinasifiwa sana, nikakwama kurasa za mwanzo. Je, kuna kitabu chepesi zaidi, au niachane na somo hili?

JIBU: Ndugu msomaji, usiachane nalo. Kitabu hicho cha Sebastian Thrun, Wolfram Burgard na Dieter Fox, kilichotoka mwaka 2005, ni cha kiada cha vyuo vikuu, na anayekiingia kabla ya kujua kinatatua tatizo gani lazima achoke. Kiweke kando kwanza, usome Driven cha Alex Davies (2021), kinachosimulia mashindano ya magari yanayojiendesha katika jangwa la Mojave yaliyoandaliwa na DARPA, wakala wa utafiti wa Wizara ya Ulinzi ya Marekani. Machi 2004 yaliondoka magari 15 na halikumaliza hata moja. Lililofika mbali kuliko yote, Sandstorm la Chuo Kikuu cha Carnegie Mellon, lilikwama kabla ya kutimiza kilomita 12. Oktoba 2005 yalimaliza matano, na ushindi ukaenda kwa Stanley, gari la Chuo Kikuu cha Stanford lililoundwa chini ya uongozi wa Thrun huyohuyo.

Hapo ndipo historia inapokutana na hisabati iliyokushinda. Stanley lilipima ardhi kwa miale ya leza, na kosa dogo tu la kukadiria jinsi gari lilivyoinama liliweza kuifanya njia tambarare ionekane ina kizuizi. Kwa hiyo gari lilifundishwa kupima kiasi cha kuamini kila kipimo, badala ya kukipokea kama kilivyo.

Ukishaelewa hayo, rudi kwenye kitabu chako utazame mfano wa milango katika sura ya 1, ambao kwangu ndio moyo wa kitabu kizima. Roboti imo kwenye korido yenye milango mitatu inayofanana, wala haijui ipo wapi. Ikiona mlango, imani yake huinuka kama vilima vitatu, kimoja penye kila mlango. Ikisogea, vilima husogea nayo huku vikitanuka, kwa sababu magurudumu nayo hukosea. Ikiona mlango wa pili, kilima kimoja hupanda juu ya vingine vyote, na roboti ikajua ilipo. Chora vilima hivyo kwa penseli, hatua kwa hatua. Mimi sikuuelewa mfano huu mpaka nilipouchora.

Kitabu kingine, Autonomy cha Lawrence Burns (2018), ni kizuri kwa kuwa mwandishi aliongoza utafiti wa General Motors kisha akaishauri Google, ila utabiri wake kuhusu magari haya upokee kwa tahadhari.

Katika Probabilistic Robotics, baada ya sura ya 2, ruka ya 3 kwa sasa, usome ya 4 kisha ya 8, ambamo utaikuta tena ile roboti na korido yake, safari hii pamoja na hesabu zake.