Maswali ya Wasomaji: Dini Isiyo na Mungu ya Auguste Comte

Nimesikia habari za "upositivisti". Ndio hawa wahamasishaji wa fikra chanya? (Msomaji, Morogoro)

Hapana, jina tu ndilo linalofanana. Neno hili lilienezwa na Mfaransa Auguste Comte (1798–1857), na mwaka 1844 alieleza alichokusudia: jambo halisi si la kufikirika, lenye faida si la kupoteza muda, la hakika si la kubahatisha, lililo bayana, tena linalojenga si la kubomoa tu. Mwenye mtazamo huo haulizi chanzo cha mwisho cha vitu. Anauliza matukio yanafuatana kwa kanuni gani. Comte aliamini kila taaluma hupita hatua tatu: kwanza watu hueleza mambo kwa miungu, kisha kwa nguvu za kidhahania, mwishowe kwa kanuni zilizochunguzwa. Hisabati ilitangulia, zikafuata elimu ya nyota, fizikia, kemia na biolojia, na ya mwisho kufika ni sosholojia, yaani elimu ya jamii. Baadaye aliigeuza falsafa hiyo kuwa dini isiyo na Mungu, yenye sala na kalenda yake.

Usiwachanganye wafuasi wake pia na wanafalsafa wa Vienna wa miaka ya 1920. Hao ni ukoo mmoja kwa mbali, lakini ibada hawakutaka hata kuisikia.

Asiyemwamini Mungu anasali kwa nani? (Msomaji, Mombasa)

Kwa Ubinadamu, ambao Comte aliuita Kiumbe Kikuu. Si watu wote walio hai leo. Ni jumla ya waliokufa, walio hai na watakaozaliwa, tena wale tu waliochangia kitu. Aliyeishi kula na kulala hamo. Farasi au mbwa aliyemtumikia mwanadamu anaweza kuwamo.

Sala ni mara tatu kwa siku, jumla yake kama saa mbili. Haziombi chochote, maana hakuna wa kutoa. Msalaji hukumbuka sura ya mtu aliyemlea au aliyempenda, kisha huacha moyo useme. Mwanamume huwaelekea mama, mke na binti. Comte mwenyewe aliweka mbele Clotilde de Vaux, mwanamke aliyempenda, aliyefariki Aprili 1846, baada ya kujuana naye muda usiofika miaka miwili. Bila mapenzi hayo ni vigumu kuelewa kwa nini mtu wa hisabati aliishia kwenye sala.

Kuna sakramenti tisa. Mtoto huletwa hadharani. Akifika 14 huanza masomo, 21 hupokewa kwenye utumishi, 28 huthibitishwa katika kazi yake. Ndoa inafuata, na mjane, mke au mume, haoi wala haolewi tena. Kuna ukomavu miaka 42, kustaafu miaka 63, na kifo. Ya tisa huja miaka saba baada ya mazishi: marehemu anahukumiwa, na akistahili mabaki yake huhamishiwa kwenye msitu mtakatifu unaozunguka hekalu. Hekalu lenyewe lielekee Paris, kama kibla.

Mwanasayansi Mwingereza T. H. Huxley aliiita dini hii Ukatoliki uliotolewa Ukristo. Ni kejeli, lakini ameigusa.

Nabadilishaje tarehe kwenda kalenda yao? (Mwalimu, Dodoma)

Kalenda ya 1849 ina miezi 13 ya siku 28, kila mmoja ukianza Jumatatu: Musa, Homer, Aristotle, Archimedes, Kaisari, Paulo, Charlemagne, Dante, Gutenberg, Shakespeare, Descartes, Frederick na Bichat. (Mtume Muhammad yumo pia, mkuu wa juma la nne katika mwezi wa Musa.) Siku ya 365 ni ya wafu wote, haimo katika mwezi wala juma.

Hesabu siku tangu Januari 1, toa moja, gawa kwa 28. Jawabu ongeza moja upate mwezi. Baki ongeza moja upate siku. Mwaka: toa 1788, kwa kuwa wanaanza na 1789.

Comte alifariki Septemba 5, 1857. Hiyo ni siku ya 248. Toa moja, 247. Ukigawa kwa 28 unapata 8, baki 23. Ni mwezi wa tisa, siku ya 24: Gutenberg 24, mwaka 69.

Wengi hukosea mahali pawili. Mwaka mrefu siku ya ziada huwekwa mwisho wa mwaka, si Februari, hivyo kuanzia Februari 29 tarehe zote husogea moja. Na majina ya siku hayalingani: Septemba 5 ile ilikuwa Jumamosi, kwa Comte ni Jumatano.

Bado wapo? (Msomaji, Tanga)

Wachache. Mgawanyiko ulianza Comte akiwa hai: mwaka 1852 Littré, mfuasi wake mashuhuri, alijitenga alipoona mwalimu ameunga mkono mapinduzi ya Louis-Napoléon, rais wa Ufaransa aliyejitwalia madaraka yote. Wafuasi wa London nao walitengana mwaka 1878. Kwa maoni yetu kasoro ilikuwa kwenye mpango wenyewe: kila kitu, hadi umri wa kustaafu, kilikwisha amuliwa na mtu mmoja mezani kwake, wafuasi wakabaki kubishana nani mrithi.

Brazil ndiko ilikoshika, kwa sababu iliingilia shule ya kijeshi, ambako Mbrazili Benjamin Constant, mfuasi wa Comte, alikuwa mwalimu. Miguel Lemos alianzisha kanisa lao Rio de Janeiro mwaka 1881, na jamhuri ilipotangazwa mwaka 1889, mwenzake Teixeira Mendes alishiriki kubuni bendera ya nchi. "Utaratibu na Maendeleo" yaliyoandikwa humo ni kaulimbiu ya Comte iliyokatwa: upendo, uliokuwa wa kwanza, umeachwa nje. Ni Wabrazili hao hao waliofungua kanisa la Ubinadamu mjini Paris mwaka 1905, nambari 5 mtaa wa Payenne.