Koji Wakamatsu na zile filamu zake mia na ushee

Mkuu, umeuliza inakuwaje Koji Wakamatsu, mwongozaji wa Kijapani aliyetengeneza "mikanda ya X" (ya ngono) zaidi ya mia, aitwe gwiji na kualikwa tamasha la filamu la Berlin. Niliishi Nagoya, Japani, kibarua yadi ya magari ya mtumba. Nyuma ya stesheni kuna kiukumbi cha sinema, Cinema Skhole. Siku moja niliingia kukimbia baridi tu, sikujua ni cha nani. Kumbe Wakamatsu mwenyewe ndiye aliyekifungua, 1983.

Hilo la X tulirekebishe. Wajapani wanaziita pinku eiga, yaani filamu za pinki. Sehemu za siri huzioni, sheria yao haitaki. Ni hadithi ya saa moja hivi, inapigwa kwa siku chache na pesa ya kuungaunga. Mwenye pesa anadai kitu kimoja: kila baada ya dakika kadhaa watu wavue. Ukishampa hicho, haulizi umejaza nini pale katikati. Wakamatsu aliishi pale katikati. Moja ya 1969 aliipiga kwa siku nne, karibu yote juu ya paa la jengo. Filamu ya rangi ilikuwa ghali, kwa hiyo unatazama nyeusi na nyeupe, halafu ghafla rangi inakurukia.

Jamaa alitoka kijijini Miyagi, akaingia yakuza, magenge ya wahalifu, huko Tokyo, akafungwa. Polisi hakuwapenda tena. Alianza kuongoza 1963. Mwaka 1965 filamu yake ya maisha ya maghorofani ilipelekwa Berlin, kwao wakaja juu kwamba amelitia taifa aibu. Mwaka huohuo akafungua kampuni yake. Mwaka 1971, wakitoka tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, yeye na mwandishi wake Masao Adachi wakapitia Lebanon kuwapiga picha wapiganaji wa Kipalestina. Adachi baadaye akarudi huko kuishi, akajiunga na Jeshi Jekundu la Japani lililoshirikiana nao. Sasa hawa ndio unaowaita watu wa X!

Niliyoikuta mimi ile siku ya baridi ilikuwa ya uzeeni kwake, inayohusu Jeshi Jekundu la Muungano, kikundi kingine cha wanamapinduzi wa Kijapani. Saa tatu na zaidi, na hakuna aliyevua. Vijana wa mapinduzi wamejificha milimani, wanaanza kuhojiana, kisha kuuana wao kwa wao: wenzao 12. Kijapani changu kilikuwa cha gereji, lakini sikuweza kuinuka. Nyumba inayobomolewa mwishoni ni yake mwenyewe, aliitoa ivunjwe.

Sitamtetea kwa yote. Zile za miaka ya sitini zina ubakaji mwingi, na mbili zilinishinda nikazima. Anayesema yote yale ni siasa anajidanganya, tiketi ziliuzwa kwa miili ya wanawake.

Mwaka 2010 alirudi Berlin na Caterpillar, Shinobu Terajima akapata tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Miaka miwili baadaye mzee akagongwa na teksi Tokyo, akafariki akiwa na miaka 76.

Anza na hiyo Caterpillar. Ila usiiweke sebuleni watoto wakiwa macho.