Usitume hela ya boksi la vitabu kabla hujasoma hapa

Dada, kama hujatuma hiyo hela, usitume.

Umeandika kwamba una laki tatu na nusu na unataka vitabu mchanganyiko vya kuanzia: riwaya, wasifu, historia, kidogo na sayansi. Ukauliza pia kama kusoma kwenye simu kunafaa na umnunulie nini mwanao wa miaka kumi. Halafu katikati ya hayo umepitisha sentensi moja, kwamba kuna jamaa kwenye kundi la WhatsApp ana boksi la vitabu 50 "vilivyochaguliwa na wataalamu", unalipa kwanza, ndipo linapandishwa basi la Morogoro. Hiyo sentensi nimeirudia mara tatu. Muuzaji labda ni mwingine, lakini hilo boksi nalijua.

Langu nililipia 280,000 mwaka 2019. Nilikuwa naweka 20,000 kila mwezi, miezi kumi na minne, kwenye bahasha ndani ya kabati. Mke wangu alijua ni hela ya vitabu na hakuigusa, hata mwezi ule gesi ilipokata tarehe kumi na tukarudi kwenye mkaa. Mzigo niliupokea stendi ya Nyegezi, hapa Mwanza, saa mbili usiku, nikalipa 12,000 nyingine ya usafiri, nikapanda nao bodaboda nimeupakata kama mtoto.

Tukafungulia sebuleni. Juu kabisa vilipangwa vitabu vitatu vizuri, vile muuzaji alivyokuwa amevipiga picha. Nikavitoa. Chini yake ndipo maajabu yalipoanza. Kwanza nilihesabu vitabu 43. Kumi na tisa kati ya hivyo vilikuwa vya mafanikio, na ukifungua chochote unakutana na maneno yaleyale: amka saa kumi alfajiri, andika malengo yako, achana na marafiki wasiokujenga. Viwili vilikuwa kitabu kimoja kilichovalishwa majalada tofauti. Sita vilikuwa vya kiada, vya mtaala ambao ulishaachwa. Kulikuwa na mwongozo wa programu ya kompyuta ya mwaka 1998. Vingine ni fotokopi zilizobandikwa kwa gundi, herufi za ukingoni zimeliwa, unabaki kukisia kila mstari umeishia wapi. Kwa hela ile ningepata mbuzi, na mbuzi angalau huzaa.

Riwaya zilikuwa nne. Moja ya upelelezi ilinikamata kweli, nikaisoma usiku uleule. Ukurasa wa 96 mpelelezi amesimama mlangoni mwa gesti, mkono uko kwenye kitasa. Nikafunua. Ukurasa wa 113, watu wanarudi kutoka mazikoni. Nani kafa? Baadaye ndipo nilipoelewa kwamba kitabu huchapwa kwenye karatasi kubwa zinazokunjwa, mara nyingi kurasa 16 kwa kila mkunjo, kisha mikunjo inaunganishwa pamoja. Mkunjo wa saba wa kitabu changu haukuwemo. Kwa vyovyote mtu alijua kina kasoro, akakitia kwenye boksi la mteja wa mbali ambaye hawezi kurudi dukani.

Nilipomwandikia yule bwana aliyeniuzia (alikuwa anajiita mhamasishaji, ana orodha yake ya vitabu ambavyo "kila mtu aliyeelimika lazima awe amevisoma"), akanijibu kwamba tatizo ni mtazamo wangu. Kesho yake akanitoa kwenye kundi. Mpaka leo nikikumbuka napandwa na hasira. Mtu aliyekaa shule akaacha kusoma, anajitahidi kurudi kwenye vitabu, wewe unamuuzia takataka, kisha unamwambia kasoro ni yake!

Na hela siyo iliyoniuma zaidi. Kwa kuwa nilishalipa, nilijilazimisha. Nikasoma vile vya mafanikio vinne mfululizo, kurasa tano kwa usiku, kama mtu anayemeza dawa. Cha tano sikukimaliza. Boksi likaingia chini ya kitanda, na mimi kwa mwaka mzima na zaidi sikugusa kitabu chochote. Nilikuwa nimeshajihukumu kwamba vitabu si vyangu. Mke wangu hakuniuliza hata siku moja, na kule kutoniuliza kulinichoma kuliko angeniuliza. Huo mwaka ndio ninaotaka wewe usiupoteze.

Kilichonitoa huko ni zile kurasa 16. Siku moja nikapita maktaba ya mkoa kutafuta ile riwaya, nijue tu nani alikufa. Mkutubi alikuwa mama wa makamo. "Shikamoo mama." "Marahaba baba, karibu." Riwaya hakuwa nayo. Akanielekeza rafu, akaniambia neno ambalo ndilo ninalokuletea: "Chukua kinachokuvuta, soma kurasa kumi hapohapo umesimama. Miguu ikikuuma, kirudishe. Ukiisahau miguu, njoo nikuandikie."

Nikatoa cha kwanza, miguu ikauma. Cha pili, ikauma. Cha tatu kilikuwa chembamba, wasifu wa Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu wa Zanzibar, ulioandikwa na Shaaban Robert. Binti wa Fumba aliyekuwa akibeba vyungu kwenda kuviuza, ambaye mwaka 1928 alifika hadi Bombay kurekodi nyimbo zake kwa Kiswahili. Nikashtuka niko ukurasa wa ishirini na kitu, nimeegemea rafu.

Baada ya hapo sikuhitaji orodha ya mtu. Siti alinitia hamu ya kuijua Zanzibar ya zamani, hamu ikanipeleka kwenye Kuli ya Adam Shafi, ambayo ni riwaya, lakini mgomo wa makuli wa mwaka 1948 unaosimuliwa humo ulitokea kweli. Nikataka kujua yaliyotokea hasa, nikajikuta kwenye rafu ya historia, mimi ambaye shuleni historia ilikuwa ya kukariri. Kutoka hapo nikarudi kwa Adam Shafi huyohuyo, kwenye Mbali na Nyumbani, anaposimulia safari za ujana wake mwenyewe. Kila kimoja nilikisoma kurasa kumi nimesimama kabla ya kuandikiwa au kutoa hela. Huo mchanganyiko unaoutafuta nilikuwa nao tayari na sijui hata uliingia lini.

Sasa wewe uko Morogoro, nenda maktaba ya mkoa Jumamosi hii na hiyo hela uiache nyumbani. Siku ukishuka Dar, Maktaba Kuu ya Taifa iko Barabara ya Bibi Titi Mohamed, ipo tangu 1967. Hata kwa wale wanaotandaza vitabu vya mitumba barabarani, simama usome kurasa kumi, na uanzie katikati, maana mwanzo kila mwandishi huupamba. Hesabu na namba za kurasa. Muuzaji akikununia, mrudishie kitabu chake uende zako.

Na kama bado moyo unakuvuta kwenye lile boksi, mwandikie huyo jamaa leo hii, kabla ya kutuma hata shilingi. Mwambie akupigie picha kurasa kumi za katikati za kitabu chochote cha chini kabisa, achague yeye mwenyewe. Kisha urudi hapa utuambie amejibu nini.